Maji ya Mfereji na Samaki wa Kioo

(Hotuba iliyosomwa na karani mwanachama katika mkutano wa mwezi wa Chama, Dar es Salaam)



Katika mikutano iliyopita tumesikia habari za kuweka akiba, za bustani za mboga, na za malezi ya watoto, na wasemaji wote walikuwa watu walionipita kwa umri na kwa cheo. Mimi ni karani tu, na neno nililoleta leo ni la samaki wadogo wanaofugwa ndani ya sanduku la kioo. Najua wapo watakaocheka. Walakini nawaomba mnivumilie, maana katika sanduku lile nilijifunza jambo juu ya maji tunywayo kila siku, na jambo jingine juu ya kuhukumu, ambalo lamfaa kila mtu mwenye mamlaka juu ya mwenziwe, hata yawe mamlaka ya nyumbani tu.

Habari yenyewe ni hii. Miaka mitatu iliyopita mkubwa wangu katika chumba cha majalada, mzee mwenye asili ya Kigoma, alipata uhamisho wa kwenda mkoa wa mbali. Nyumbani kwake alikuwa na sanduku la kioo lenye kuchukua lita 100 za maji, na ndani yake samaki 12 wa Ziwa Tanganyika, wasiozidi urefu wa kidole. Alikuwa akisema kwamba jioni akiwatazama huona mawe ya ufukoni kwao. Kwa kuwa safari ilikuwa ndefu, aliogopa kuwachukua. Akaniambia, “Kijana wangu, nitunzie hawa mpaka likizo yangu ya Desemba.” Nami nikaitikia, “Naam, Mzee, shaka usiwe nayo.”

Wiki ya tatu kioo kikaanza kuota ukungu wa kijani. Mimi nililelewa katika bweni la shule ya misheni, ambako kila Jumamosi tulisugua sakafu hata ikang'aa. Basi ukungu ule niliuona kuwa ni aibu juu yangu. Nikamwita mpwa wangu, mwana wa dada yangu, kijana wa miaka 13 anayekaa kwangu kwa ajili ya masomo. Akaosha ndoo, tukawahamishia samaki humo pamoja na maji yao. Kisha tukamwaga maji yote yaliyobaki, tukasugua kioo, tukaosha mawe na sifongo ya kuchujia chini ya mfereji, nami nikalijaza sanduku upya kwa maji ya mfereji, au kama wengi tusemavyo siku hizi, maji ya bomba. Maji yalikuwa yamerudi asubuhi ile baada ya siku mbili za matengenezo, yakija kwa nguvu na harufu kali ya dawa. Niliifurahia harufu ile, nikasema, “Leo maji ni safi kweli kweli.”

Kabla ya magharibi samaki wakapanda juu, wakapumua mbio mbio, midomo yao ikiwa sawasawa na uso wa maji. Wengine wakajitupa huku na huku wakigonga kioo. Alfajiri nikawakuta wanaelea. Sikuwa na moyo wa kuwahesabu.

Fikira yangu ya kwanza ilikuwa ni sabuni. Nikamwita mpwa wangu nikamwambia, “Umeosha ndoo kwa sabuni.” Akajibu, “Hapana, Mjomba, sikutia sabuni.” Nikamwambia kuwa ni mwongo. Akaapa. Nikaona kiapo chake ni ukaidi juu ya uongo, nikamnyima kwenda katika mchezo wa mpira wa shule yake alioungoja mwezi mzima. Nyumba ikawa kimya siku mbili.

Jumatatu jioni kijana akaingia na chupa ya jamu mikononi, akaiweka mezani mbele yangu. Ndani yake palikuwa na samaki mmoja, mzima, anaogelea. Akasema, “Mjomba, huyu nilimchota ndooni kabla hujamaliza kujaza sanduku, nilitaka kumwonyesha rafiki yangu. Niliogopa kusema kwa kuwa sikuomba ruhusa. Lakini ndoo ni ile ile, na maji ni yale ya zamani.”

Ndugu zangu, tazameni ushahidi huo. Kama ndoo ingalikuwa na sabuni, samaki huyu naye angalikufa. Samaki wote 12 waliingia katika ndoo moja kwa saa moja. 11 walitoka ndooni wakaenda katika maji mapya ya mfereji wakafa, mmoja akabaki katika maji ya zamani akaishi. Tofauti ilikuwa moja tu, nayo ni maji niliyoyatia kwa mkono wangu mwenyewe.

Nikaenda kwa rafiki yangu tuliyesoma naye, ambaye sasa ni mwalimu wa sayansi, nikamweleza yote. Hakucheka. Alinifundisha haya nitakayowaambia, na tangu siku ile nimeyajaribu mwenyewe.

Kwanza, sababu. Maji ya mji wetu kwa sehemu kubwa hutoka Mto Ruvu. Maji ya mto huwa na tope na vijidudu. Kwa hiyo hutulizwa, huchujwa, kisha hutiwa dawa iitwayo klorini. Dawa hii huua vijidudu vya kipindupindu, vya homa ya matumbo na vya kuhara damu. Kiasi kidogo sharti kibaki ndani ya maji yakisafiri katika mabomba, ili uchafu ukiingia njiani ukutane na mlinzi. Shirika la Afya Duniani hushauri kwamba maji yafikapo kwa mtumiaji yasipungukiwe na miligramu 0.2 za klorini katika kila lita. Baada ya matengenezo ya mabomba aghalabu dawa huongezwa, na ndiyo harufu niliyoifurahia.

Mtu akinywa maji hayo hadhuriki, kwa kuwa klorini ile ndogo huisha nguvu mara ikutanapo na mate na chakula tumboni. Lakini samaki hayanywi tu maji, huyapumua. Maji hupita daima katika mashavu yake, na ngozi ya ndani ya mashavu ni nyembamba mno, damu iko papo hapo nyuma yake. Klorini huiunguza ngozi hiyo, samaki akashindwa kuvuta hewa iliyomo majini, akafa kama mtu aliyezibwa pumzi. Hata miligramu 0.05 kwa lita, yaani robo ya kiasi kile kidogo nilichokitaja, yaweza kumwumiza. Basi maji yale yale yaliyo salama kwa mtoto wako ni sumu kwa samaki wako, wala hapana kosa la mtu katika idara ya maji. Kosa ni la yule adhaniye kwamba neno “safi” lina maana moja kwa viumbe vyote.

Wafugaji wa kwanza wa samaki wa kioo hawakuijua shida hii. Nyumba ya samaki iliyofunguliwa kwa watu wote katika bustani ya wanyama ya Regent's Park, London, ilianza mwaka 1853, na siku hizo haikuwa desturi kutia klorini katika maji ya mji. Mwaka 1905 homa ya matumbo ilipoushika mji wa Lincoln, Uingereza, daktari Alexander Houston alitia dawa ya klorini katika maji ya mji ule. Na mwaka 1908, huko Jersey City, Marekani, daktari John L. Leal alianzisha kazi hiyo kuwa ya daima. Tangu hapo miji mingi ya dunia imefuata, na watu wengi wasiohesabika wameokoka. Basi asiwepo mtu atakayetoka hapa akisema kuwa karani fulani amelaumu klorini. Mimi na watoto wangu twaishi kwa ajili yake. Nasema tu kwamba kabla ya kumpa samaki maji, yatupasa kuiondoa.

Pili, njia za kuiondoa. Nitazitaja nne.

Njia ya kwanza ni kungoja. Teka maji katika chombo chenye mdomo mpana, uyaache wazi mahali penye upepo na jua kwa muda wa saa 24, na ikiwa harufu ni kali, saa 48. Klorini itatoka yenyewe, na jua husaidia kuivunja. Ukiyamimina mara nyingi kutoka ndoo hii hata ndoo ile, itatoka upesi zaidi. Lakini angalieni mbu. Funika chombo kwa kitambaa chembamba chenye matundu, ili hewa ipite na mbu asipite, wala usiyaache maji hayo wiki nzima, maana katika joto letu mbu huweza kukua kutoka yai hata kuruka kwa siku chache kupita wiki moja. Haifai kuokoa samaki na kuleta malaria nyumbani.

Njia ya pili ni kuchemsha kwa muda wa dakika 20. Klorini hutoka, lakini na hewa iliyomo majini hutoka pia. Kwa hiyo maji yakipoa sharti yamiminwe mara nyingi ili yapate hewa tena. Tena mkaa ni ghali. Njia hii yafaa kwa maji machache tu.

Njia ya tatu ni chumvi ya wapiga picha, ile iliyotumika kutuliza picha katika chumba cha giza. Jina lake katika sayansi ni thiosulfati ya sodiamu, nayo ndiyo iliyomo katika nyingi za chupa ndogo wauzazo watu wa samaki wa mapambo. Huiondoa klorini papo hapo. Hesabu yake ni rahisi kwa karani yeyote: sehemu 7 za chumvi hiyo kwa uzito huondoa sehemu 1 ya klorini. Yeyusha gramu 10 katika lita moja ya maji, uandike jina lake juu ya chupa, uiweke mbali na watoto. Ikiwa maji ya mfereji yana miligramu 1 ya klorini kwa lita, basi ndoo ya lita 20 ina miligramu 20 za klorini, nayo yahitaji miligramu 140 za chumvi, yaani mililita 14 za dawa uliyoyeyusha, ambazo ni karibu na vijiko vitatu vya chai. Harufu ikiwa kali, tia vijiko sita. Dawa ikizidi kidogo haidhuru. Ikipungua ndipo hatari ilipo.

Njia ya nne ni vitamini C iliyo safi, isiyo na sukari wala rangi. Sehemu 2 na nusu zake huondoa sehemu 1 ya klorini. Lakini ni chachu, na ikizidi huwaletea samaki uchachu. Basi tumia kwa kipimo.

Je, mtu atajuaje kwamba klorini imekwisha? Pua si shahidi wa kutosha, kwa kuwa samaki huumizwa na kiasi ambacho pua haisikii. Ziko dawa za kupimia wanazotumia watunzaji wa mabwawa ya kuogelea. Dawa iitwayo DPD ikitiwa katika maji yenye klorini huyageuza kuwa na rangi ya waridi, na yasipogeuka ni dalili njema.

Hapa nina onyo kwa ninyi mnaohamishwa kama tunavyohamishwa sote. Iko miji ambayo hutumia kloramini, yaani klorini iliyounganishwa na amonia. Mji wa Denver, Marekani, umeitumia kwa miaka mingi. Kloramini haitoki kwa kungoja siku mbili. Chumvi ya wapiga picha huivunja, lakini amonia hubaki, nayo pia ni sumu kwa samaki. Basi ukifika katika mji mgeni, kabla ya kufungua mfereji, nenda ukaulize idara ya maji wanatia dawa gani. Swali hilo haligharimu kitu.

Tatu, sifongo. Katika kosa langu la Jumamosi ile, klorini ilikuwa nusu tu ya habari. Samaki hutoa amonia kwa mashavu yake, na mabaki ya chakula huongeza nyingine. Katika sifongo na juu ya mawe hukaa vijidudu vyema, ambavyo aina moja huigeuza amonia kuwa nitriti, na aina nyingine huigeuza nitriti kuwa nitrati, isiyo kali sana. Vijidudu hivyo huchukua wiki nne hata sita kuenea katika sanduku jipya. Mimi nilivikuta tayari, kazi ya miaka ya mzee wangu, nikaviua kwa dakika tano chini ya mfereji. Hata kama samaki wangaliokoka na klorini, wangalikufa kwa amonia wiki ile. Kwa hiyo sifongo huoshwa katika maji ya zamani yaliyotolewa katika sanduku, tena hukamuliwa tu, haisuguliwi hata ikawa nyeupe.

Tena maji hayabadilishwi yote. Kila wiki toa robo au sehemu ya tano, utie mengine yaliyoandaliwa, yenye joto lile lile, polepole.

Nne, vyombo. Usitunze maji ya samaki katika pipa jipya la bati lililopakwa zinki, wala usiteke maji ya kwanza asubuhi katika nyumba yenye mabomba ya shaba. Zinki na shaba huyeyuka kidogo kidogo katika maji yaliyolala, nazo ni sumu kwa samaki. Acha maji yatiririke kwanza, uyatumie kufulia, kisha uteke ya samaki. Na ndoo ya samaki iwe ya samaki tu. Sabuni haikuwaua samaki wa mzee wangu, lakini huua kweli.

Tano, asili ya samaki. Ipo hesabu ya maji iitwayo pH. Saba ni katikati. Chini yake maji ni machachu, juu yake huelekea magadi. Maji ya Ziwa Tanganyika ni karibu na 9, na samaki wake wamezoea hivyo tangu zamani za zamani. Kwa hiyo mwenye samaki wa ziwa lile huweka katika sanduku changarawe ya mawe ya chokaa au makombe yaliyooshwa vema, ili maji yasielekee kuwa machachu. Lakini jueni kwamba maji yakielekea magadi, na joto likipanda, amonia huzidi kuwa kali. Basi mwenye samaki wa Kigoma sharti awe mwangalifu kuliko wengine wote.

Hayo ndiyo niliyofundishwa. Sasa nirudi nyumbani kwangu kumaliza habari.

Jumanne asubuhi nilimwita mpwa wangu mbele ya mke wangu na watoto, maana nilimwaibisha mbele yao. Nikamwambia, “Baba, nilikuita mwongo, nawe ulisema kweli. Nisamehe.” Ndugu zangu, nimeandika barua nyingi za serikali zenye maneno magumu, lakini hayo maneno machache yalikuwa mazito kuliko yote. Kijana aliinama, akasema, “Nimekwisha kusamehe, Mjomba.” Mchezo wa mpira ulikuwa umekwisha kuchezwa, wala sikuwa na uwezo wa kuurudisha. Ndiyo hasara ya hukumu ya haraka: kosa laweza kuungamwa, lakini siku haikombolewi.

Kisha nikamwandikia mzee wangu barua. Niliandika mara tatu. Ya kwanza ilitaja matengenezo ya mabomba, ya pili ilitaja ukungu wa kijani, na zote nikazichana, kwa kuwa zilitafuta pa kujificha. Ya tatu ilisema: Samaki wako 11 wamekufa kwa sababu nilibadilisha maji yote bila kuuliza. Mmoja yu hai, ameokolewa na mpwa wangu.

Mzee alikuja Desemba kama alivyoahidi. Akakaa kitambo mbele ya kioo akimtazama yule mmoja, asiseme neno. Halafu akamwita mpwa wangu, akamwuliza jinsi anavyoandaa maji. Kijana akamwonyesha ndoo mbili zilizofunikwa kwa kitambaa, chupa ya dawa yenye jina, na daftari aliloandika tarehe ya kila badiliko, kiasi cha maji, na kiasi cha dawa. Mzee akalisoma daftari lile ukurasa kwa ukurasa, kama asomavyo jalada ofisini. Akalifunga, akaniambia, “Sanduku na samaki ni vya kijana huyu sasa. Wewe utakuwa msaidizi wake.” Na hivyo ndivyo ilivyo hata leo.

Bwana Mwenyekiti, sisi watumishi hupewa kutunza vitu vya wengine: majalada, funguo, fedha, na wakati mwingine watoto. Ombi langu kwenu ni mawili tu. Mtu akikuachia kitu ambacho hukijui, mwulize kabla hajaondoka. Na kikiharibika mikononi mwako, tazama kwanza mikono yako mwenyewe kabla hujamtazama mdogo aliye karibu.

Wenye maswali juu ya vipimo, daftari la mpwa wangu liko hapa mezani.